Ganda la Ndimu Katika Biskuti

Mtu akiazimu kuoka biskuti za ndimu nyumbani kwake kwa mara ya kwanza, jambo linalomjia moyoni, kwa kuwa ndilo alilolizoea tangu utotoni katika kukamulia samaki na mishikaki, ni kutwaa kisu, kuipasua ndimu nusu mbili, na kuyamimina maji yake yote katika unga. Na baadaye, anapoonja kazi ya mikono yake, hustaajabu kuona kwamba biskuti ni ngumu, rangi yake imepauka, na ile ndimu aliyoitia kwa ukarimu haisikiki ila kama ukali mdogo ulio mbali, usio na harufu wala uhai. Asidhani kwamba moto umemwonea au kwamba muuza ndimu amemdhulumu. Kile alichokuwa akikitafuta alikuwa nacho mkononi, akakitupa jaani pamoja na maganda.

Matunda ya jamaa hii, tangu ndimu na limau hadi chungwa na danzi, chenza na kangaja, balungi na furungu, yana hazina mbili zilizotengwa, na kila hazina ina kazi yake. Ndani mna maji, na katika maji hayo mna sukari kidogo pamoja na asidi iitwayo sitriki, ambayo Carl Wilhelm Scheele, mwanakemia aliyefanya kazi zake Sweden, aliitenga mwaka 1784 kutoka katika maji ya limau. Asidi hiyo, ambayo hufika kadiri ya gramu 5 au 6 katika kila gramu 100 za maji ya limau, ndiyo iuchomayo ulimi na kumfumbisha mtu macho, walakini haina harufu hata chembe. Nje, katika ngozi ile nyembamba yenye rangi, mna vifuko vidogo visivyohesabika vilivyojaa mafuta, navyo huonekana kwa jicho mfano wa vitundu vya sindano, na humo ndimo ilimowekwa akiba karibu harufu yote ya tunda. Mwenye shaka na atwae kipande cha ganda la chungwa, akikunje kwa vidole karibu na mshumaa unaowaka: ataona cheche zikirukaruka, maana mafuta yaliyofyatuka kutoka katika vifuko hivyo yameshika moto.

Sehemu iliyo kubwa ya mafuta hayo ni kitu kiitwacho limonene, ambacho katika mafuta ya ganda la chungwa hupita sehemu 90 kwa 100. Ama ndimu na limau, pamoja na kuwa na limonene nyingi, zina kitu cha pili, sitrali, ambacho ni kidogo kwa kipimo lakini ndicho kinachoyapa matunda haya mawili harufu yake kali na safi. Sitrali hiyo hiyo ndiyo iliyojaa katika mchaichai, na kwa sababu hiyo kikombe cha chai kilichotiwa mchaichai humkumbusha mtu limau hata katika nyumba isiyo na limau. Basi mafuta haya, kama yalivyo mafuta mengine, hayapatani na maji, bali huyeyuka katika shahamu. Na biskuti, ambayo robo yake na zaidi huwa siagi au samli, ni makazi yanayoyafaa kabisa. Hapa ndipo lilipo jambo lote la biskuti za ndimu: harufu sharti itoke katika ganda, ipitie katika shahamu, ndipo ifike puani na kinywani mwa mlaji.

Maji ya tunda yakitangulia kuingia katika unga huleta hasara zaidi ya moja. Unga wa ngano ukikutana na maji, protini zake hushikana zikafanya nyuzi ziitwazo gluteni, na nyuzi hizi ndizo zinazoiwezesha chapati kuvutika na mkate kusimama. Lakini sifa hii, ambayo kwa mkate ni fahari, kwa biskuti ni aibu, kwa kuwa biskuti hutakiwa ivunjike na kusagika kwa urahisi, isitafunwe kama ngozi. Fauka ya hayo, asidi huizuia biskuti isigeuke rangi ya dhahabu upesi, hata mwokaji, anayeingoja rangi hiyo kama alama ya kuiva, huiacha motoni mpaka ikakauka kupita kiasi. Na ikiwa donge lina beking pauda, ukali ule huanza kuichemsha papo hapo katika bakuli, nguvu zake zikapungua kabla ya kuingia motoni. Hata hivyo maji ya ndimu yana mahali pake katika kazi hii, nasi tutapafikia kwa zamu yake.

Si kwamba matunda haya ni wageni wa jana katika pwani yetu. Mababu wa jamaa hii, kwa elimu ya wanaochunguza asili ya mimea, waliota kuelekea chini ya milima ya Himalaya, na kutoka huko yalienea kwa njia za misafara na za bahari. Ibn Battuta, msafiri wa Tanja, alipopita katika pwani hii mwaka 1331, alikaribishwa Mogadishu kwa wali uliofuatana na achari ya limau, na alipofika Mombasa aliandika kwamba miti ya kisiwa hicho ni migomba, milimau, na mti wa tunda lile lenye ganda nene ambalo Waarabu huliita utrujj. Miaka 167 baadaye, merikebu za Vasco da Gama zilipotia nanga mbele ya Mombasa mwezi wa Aprili 1498, mfalme wa mji aliwapelekea Wareno kondoo, machungwa na malimau kwa wingi, pamoja na miwa. Na mmoja wao aliyeandika habari za safari ile alisema kwamba wagonjwa wao wote walipona walipofika hapo, akausifu uzuri wa hewa ya mji. Ugonjwa uliokuwa ukiwavimbisha ufizi ulikuwa kiseyeye, ambao dawa yake ni matunda mabichi; shukrani zilizostahili machungwa, kwa hiyo, zilipewa upepo. Lakini yaelekea kwamba maarifa hayakukawia sana kuwaingia, kwa kuwa katika safari ya kurudi, walipofika Malindi mwezi wa Januari 1499, walimtuma mtu pwani awaletee machungwa ambayo wagonjwa wao walikuwa wakiyatamani mno. Ninalilazimisha jambo hili katika makala ya biskuti kwa sababu ya kiroja kimoja: chakula cha mabaharia wale kilikuwa biskuti, biskuti za baharini za unga na maji, zilizookwa mpaka zikawa kama vigae ili zisiharibike, na tena hazina sukari, wala shahamu, wala harufu. Mwenyeji aliwapelekea machungwa na miwa. Mgeni alikuwa na unga uliokwisha okwa. Vitu hivyo havikukutana katika sufuria moja. Wala mtu asidhani kwamba biskuti ya chungwa ni dawa ya kiseyeye, maana vitamini inayoponya maradhi hayo huharibiwa na moto.

Katika kuchagua tunda, kila moja lina tabia yake. Ndimu ina harufu kali kuliko yote, lakini ngozi yake ni nyembamba na weupe wake ni mwembamba, hata mkono usipokuwa mwepesi huvuka mpaka mara moja. Limau ni pole zaidi na ganda lake ni rahisi kukuna. Chungwa ni tamu puani, hupendwa na watoto, lakini harufu yake hufunikwa upesi na vitu vingine. Chenza na kangaja zina harufu ya namna ya pekee ambayo, kwa insafu, naiona kuwa ndiyo bora kwa biskuti zitakazoliwa pamoja na kahawa chungu. Ama danzi, ambalo wengi hulidharau kwa kuwa haliliwi kama chungwa, ganda lake lina manukato ya ajabu, na Waingereza, ambao si watu wa kusifiwa kwa mapishi, wamelitambua hilo zamani kwa kuwa jamu yao ya maganda iliyo mashuhuri hutengenezwa kwa machungwa ya jamii hiyo chungu.

Mnunuzi asidanganywe na rangi. Machungwa ya Muheza, ambayo kwa msimu wake hujaza malori na magenge ya Tanga na Dar es Salaam, aghalabu huwa ya kijani yakiwa yameiva barabara, kwa sababu ngozi ya chungwa huhitaji baridi ya usiku ili ukijani wake ufifie, na katika nchi ya joto baridi hiyo haipatikani; rangi ile haipunguzi utamu wa ndani, na ganda la kijani hunukia vyema kabisa. Kinyume chake, machungwa yatokayo ng'ambo, yanayong'aa madukani, mara nyingi yamepakwa nta ili yasinyauke, nayo yafaa yasuguliwe kwa maji ya moto na kukaushwa kabla ya kukunwa. Tunda la kutumiwa liwe zito mkononi, ngozi yake imara, na ukilikwaruza kidogo kwa ukucha likujibu kwa harufu.

Kukuna ganda ni kazi ya subira. Kwa bati la kukunia lenye vitundu vidogo, tunda hupitishwa mara moja kila mahali na kugeuzwa, rangi itoke na weupe ubaki, kwa kuwa weupe ule ulio chini ya rangi una uchungu usiofichika kwa sukari. Ukiona bati limeanza kuleta unga mweupe, umekwisha pita mahali pa kusimama. Asiye na bati hilo amenye ngozi ya juu kwa kisu kikali, nyembamba kadiri awezavyo, kisha aikatekate na kuitwanga katika kinu kidogo pamoja na sukari. Yote haya hufanywa wakati wa kuoka wenyewe, si jana yake, maana mafuta ya ganda yakikaa wazi hewani huruka, na yaliyobaki hubadilika yakawa na harufu inayokumbusha tapentaini ya wapaka rangi.

Sasa inafuata hatua ambayo, laiti ningeruhusiwa kufundisha moja tu, ningeifundisha hiyo. Ganda lililokunwa lisitiwe katika unga, bali litiwe katika sukari kavu, kisha lifikichwe kwa ncha za vidole dakika mbili tatu, kabla ya kitu kingine chochote kuingia bakulini. Chembe za sukari zina kingo kali; hupasua vile vifuko vya mafuta ambavyo bati liliviacha vizima, na sukari huyanywa mafuta yanayotoka, ikalainika mfano wa mchanga wa pwani maji yanapokupwa, ikabadilika rangi kidogo, na chumba kizima kikajua kinachofanyika. Ndipo siagi iliyolainika, isiyoyeyuka, itiwe na kusuguliwa na sukari ile kwa mwiko mpaka iwe nyeupe na nyepesi. Na kwa kitendo hicho mafuta ya ganda yatakuwa yamekwisha ingia katika shahamu kabla unga haujagusa bakuli.

Vipimo, kwa mwenye mizani, ni hivi: unga wa ngano gramu 250, siagi gramu 150, sukari gramu 100, kiini cha yai 1, chumvi kidogo sana, na ganda la ndimu 4, au la malimau 2, au la chungwa 1 kubwa. Unga huchungwa na kutiwa mwisho, ukachanganywa kwa wepesi mpaka donge lishikane tu, na mkono ukome hapo hapo, kwani kulikanda kama donge la maandazi ni kuziita zile nyuzi tulizozikimbia. Mabibi wa mjini, ambao hupima kwa kisio la mkono na hawakosei, watavicheka vipimo hivi, na haki ni yao; lakini kisio la mkono halirithiwi kwa kusoma, na mwanafunzi sharti aanze na mizani. Anayetumia samli badala ya siagi apunguze mpaka gramu 120 hivi, kwa sababu siagi ina maji kadiri ya sehemu 16 kwa 100 ilhali samli ni shahamu tupu. Biskuti zake zitakuwa laini zaidi na zenye kuvunjika upesi, kama zilivyo nankatai, ambazo zilitufikia kutoka Gujarati.

Wenyeji wa Unguja wana biskuti yao iliyotangulia kulijua jambo hili la nyuzi, nayo ni kileja. Kwa kuwa vileja hufanywa kwa unga wa mchele, na mchele hauna gluteni, huwa na tabia ya kuyeyuka kinywani ambayo mwoka biskuti za ngano huitafuta kwa taabu. Kwa kaida hutiwa iliki, na sina nia ya kuwashauri watu waiache iliki yao. Lakini ganda la ndimu likifikichwa katika sukari ya vileja, iliki ikapunguzwa nusu, harufu hizo mbili hukaa pamoja bila kugombana. Mdalasini na karafuu sizisifu hapa. Karafuu hasa, kwa ubabe wake, huiua ndimu.

Donge likiisha fanywa, lifunikwe na kupumzishwa mahali pa baridi saa moja au zaidi, na wenye friji wanaweza kuliacha usiku kucha. Pumziko hilo huigandisha shahamu ili biskuti zisitambae motoni, huupa unga nafasi ya kunywa unyevu wake, na huiachia harufu muda wa kuenea. Kisha husukumwa juu ya kibao cha chapati kwa unene wa nusu sentimita, zikakatwa kwa kinywa cha glasi au kwa kifuniko cha kopo, au zikafinyangwa vidonge na kubonyezwa kwa uma, kama wengi wafanyavyo, kwa sababu vidonge havihitaji ufundi.

Kwa oveni, joto la digrii 170 za Selsiasi kwa dakika 12 hadi 15 latosha. Kwa jiko la makaa, ambalo bado ndilo joko la nyumba nyingi, sufuria nzito hutandikwa mchanga mkavu, ikafunikwa na kuachwa ipate moto barabara, ndipo sinia dogo la biskuti huwekwa juu ya vijiwe vitatu ndani yake, kifuniko kikarudishwa na makaa yakatandazwa juu ya kifuniko. Moto wa juu uwe mwingi kuliko wa chini, kinyume cha mazoea ya chungu cha mchuzi, kwa kuwa biskuti ni nyembamba na upande wa chini huungua ilhali macho yako yanautazama wa juu. Alama ya kuiva ni ukingo kuanza kugeuka dhahabu na katikati kubaki kweupe. Zikitolewa zikiwa laini mtu asishituke, maana ugumu wake huja zinapopoa, na anayezingoja zikauke motoni atapata vigae vya Vasco da Gama.

Watu hufurahi harufu ya ndimu inapoijaza nyumba wakati wa kuoka, majirani wakauliza kuna nini leo. Furaha hiyo ni ya haki, lakini mwenye hesabu atatanabahi kwamba harufu iliyo hewani ni harufu iliyokwisha ihama biskuti. Mafuta ya ganda ni ya kuruka, na hakuna ufundi uwezao kuyazuia yote yasiende na mvuke; ndiyo sababu ya kuipenda biskuti nyembamba inayoiva upesi, na ndiyo sababu ya kuyahifadhi maji ya ndimu mpaka sasa. Biskuti zikiisha poa kabisa, sukari ya unga gramu 100 huchanganywa na maji ya ndimu kijiko kimoja cha mezani, yakaongezwa tone kwa tone mpaka uji uwe mzito wa kupakika, ukatiwa ganda kidogo lililokunwa papo hapo, kisha ukapakwa juu ya kila biskuti na kuachwa ukauke. Hapo ukali wa maji hukutana na utamu, harufu mbichi isiyoona moto hukutana na ile iliyookwa, na ulimi hupata ndimu kamili, ya nje na ya ndani, bila unga kupata dhara.

Wako wanaofupisha njia kwa arki ya chupa. Arki ya limau iliyo safi ni mafuta ya ganda yaliyoyeyushwa katika alkoholi, na matone machache yake si haramu ya mapishi kwa aliye mbali na soko. Lakini nyingine zinazouzwa kwa bei ndogo hazina habari na limau lolote, huacha uchungu nyuma ya ulimi, na zikifuatana na rangi ya manjano hutoa biskuti inayofanana na sabuni kwa sura na kwa harufu. Katika nchi ambayo ndimu huuzwa kwa mafungu barabarani, siioni sababu.

Biskuti zihifadhiwe katika kopo lisilopitisha hewa, zilizopakwa sukari zisipandanishwe kabla hazijakauka, na zisichanganywe katika kopo moja na nankatai za iliki, kwa kuwa shahamu hunyonya harufu ya jirani na baada ya siku mbili hutajua ipi ni ipi. Kwa Idi, ambapo sahani hupita nyumba kwa nyumba, zinaweza kuokwa siku tatu mbele bila kupoteza kitu; zile za kupakwa sukari zipakwe jioni ya mwisho. Na zile ndimu zilizovuliwa rangi, zilizobaki nyeupe mezani, hazina tena ngozi ya kuulinda unyevu wake, hivyo hukauka na kuwa ngumu haraka: zikamuliwe siku hiyo hiyo kwa sharubati, au zitiwe chumvi na pilipili zianze safari ya achari.